Kutoka Kambini hadi Uraiani: Mwongozo Kamili wa Kumsaidia Mwanajeshi Aliyerejea Kupata Kazi Nakuru, Kisumu na Magharibi ya Kenya

Tangu Oktoba 2011, majeshi ya Kenya yalipovuka mpaka na kuingia Somalia katika operesheni ya Linda Nchi, na hasa baada ya kujiunga rasmi na kikosi cha Umoja wa Afrika mwaka wa 2012, vijana wengi wa Bonde la Ufa, Nyanza na Magharibi wamekwenda huko kwa zamu na kurudi. Walio wengi hurejea kambini na kuendelea na utumishi. Hata hivyo, kuna wanaovua sare kwa sababu muda wao umekwisha, mwili umeumia au moyo umechoka. Wanapofika nyumbani Lanet, Kondele, Kakamega au Webuye, hupokelewa na familia kwa furaha kubwa, kisha baada ya wiki chache wanaanza kuzunguka na bahasha ya karatasi ambazo waajiri wengi hawajui kuzisoma.

Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya watu walio karibu na mwanajeshi huyo: mke au mume wake, ndugu zake, wanachama wa chama au kanisa lake, na mwajiri anayetaka kumpa nafasi. Msimamo unaouongoza ni mmoja. Mwanajeshi aliyerejea atambulishwe kwa mwajiri kwa fani aliyoifanya kila siku, kwa sababu mwenye kampuni ya malori mjini Nakuru hahitaji koplo wala sajenti. Anahitaji dereva ambaye lori lake litafika Malaba na kurudi salama. Cheo na vita alivyopigana vitaheshimiwa, lakini havimwelezi mwajiri ni kazi gani itafanyika Jumatatu asubuhi.

Hatua ya kwanza: karatasi, kabla ya jambo lingine lolote

Kama bado hajaondoka kambini, shughuli hii ianze akiwa huko huko, kwa kuwa karatasi inayopatikana kwa siku moja ukiwa ndani ya jeshi inaweza kuchukua miezi mingi ukiwa nje. Aondoke na cheti cha kumaliza utumishi kinachoonyesha tarehe ya kuingia, tarehe ya kutoka na sifa ya mwenendo wake. Aondoke na vyeti vya kila kozi aliyofanya, hata ile ya wiki mbili aliyoiona kuwa ndogo: huduma ya kwanza, kuzima moto, udereva, upishi, redio, stoo. Aondoke pia na rekodi zake za matibabu, na kama aliwahi kukaa karibu na milipuko au silaha nzito, aombe kupimwa masikio kabla ya kutoka. Uziwi wa sikio moja ni jeraha ambalo halionekani na ambalo wenyewe huona aibu kulitaja. Ukiona mtu anakujibu jambo tofauti na ulilomuuliza, au anageuza kichwa kila unapoongea, usidhani amekuwa mkali au mwenye dharau.

Nakala za vyeti hivi zithibitishwe na wakili, na nakala nyingine zihifadhiwe kwenye simu na kwa barua pepe. Cheti halisi kisiachwe kwa mtu yeyote anayesema "niachie nikupelekee kwa mkubwa".

Baada ya hapo zinafuata karatasi za uraiani. Cheti cha mwenendo mwema huombwa kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, kwa shilingi 1,050, kisha mwombaji hupeleka alama za vidole katika kituo cha Huduma, navyo vipo Nakuru, Kisumu na Kakamega. Karibu kila mwajiri atakiuliza, na waliotoka jeshini hushangaa wakiambiwa wathibitishe kwamba si wahalifu baada ya kulinda nchi. Mweleze kwa upole kwamba ni utaratibu wa kila mtu. PIN ya KRA, mamlaka ya ushuru, ihakikiwe kuwa inafanya kazi, na mrejesho wa ushuru wa kila mwaka uwe umewasilishwa. Usajili wa NSSF, hazina ya akiba ya uzeeni, ukaguliwe. Bima ya afya ya SHA, iliyochukua nafasi ya NHIF mnamo Oktoba 2024, isajiliwe kwa kupiga *147#, na watu wote wa nyumba yake waandikishwe, kwa sababu familia nyingi hugundua kwamba bima ya jeshi haiwahudumii tena siku ambayo mtoto amelazwa.

Aliyeumia kiasi cha kuwa na ulemavu asajiliwe na Baraza la Kitaifa la Watu Wenye Ulemavu baada ya kupimwa katika hospitali ya umma iliyoidhinishwa. Usajili huo unamwezesha kuomba KRA imsamehe ushuru wa mapato kwa shilingi 150,000 za kwanza za kila mwezi, na kama ana nia ya biashara, unamweka katika kundi ambalo, pamoja na wanawake na vijana, limetengewa asilimia 30 ya zabuni za serikali. Wapo wanaokataa kusajiliwa kwa sababu hawataki kuitwa walemavu. Uamuzi ni wao, lakini wahakikishe wanaelewa wanachokiacha.

Hatua ya pili: mwili na akili vitulie

Familia nyingi hukosea hapa kwa nia njema. Mtu amerudi juzi, na tayari shemeji amempangia usaili, mjomba amemtafutia kazi ya ulinzi, na jirani anamuuliza atafanya nini na pesa zake. Mwachie muda. Wakati huo huo, angalia kama analala. Anayeamka usiku na kuzunguka ua akikagua lango, anayeshtuka tairi la bodaboda linapopasuka, anayekunywa kila siku kuanzia mchana, au aliyeacha kuzungumza na watoto wake, anahitaji mtaalamu kabla ya kuhitaji mwajiri. Waliopitia mapigano makali, kama yale ya Somalia huko El Adde mnamo Januari 2016 au Kulbiyow mnamo Januari 2017, na hata waliopokea majeruhi na miili tu bila kupigana wenyewe, wanaweza kubeba jambo hili kwa miaka.

Huduma zipo karibu. Hospitali za rufaa za umma mjini Nakuru na Kisumu zina kliniki za afya ya akili, kama ilivyo Hospitali ya Rufaa na Mafunzo ya Moi mjini Eldoret. Shirika la Msalaba Mwekundu la Kenya lina nambari ya bure, 1199, ambapo mtu anaweza kuzungumza na mshauri bila kutoka nyumbani. Njia inayokubalika kwa urahisi zaidi, hata hivyo, ni mwenzake wa zamani kumchukua na kumpeleka. Neno la afande aliyekuwa naye kwenye mahandaki hupokelewa pale ambapo neno la mke limekataliwa mara kadhaa, na mke asihuzunike kwa hilo.

Matibabu hayazuii kazi. Kwa wengi, kazi yenye saa za kawaida na usingizi wa usiku ni sehemu ya kupona, na ndiyo sababu ninashauri kwamba mtu mwenye dalili hizi asianze na lindo la usiku, hata kama ndiyo nafasi ya kwanza iliyopatikana.

Hatua ya tatu: kuchimbua kazi aliyoifanya

Hii ndiyo hatua inayobeba nyingine zote, na inahitaji mtu wa kukaa naye kwa jioni kadhaa akiwa na kalamu na daftari. Ukimuuliza mwanajeshi, "Ulikuwa unafanya kazi gani?" atakujibu kwa jina la kikosi na cheo. Muulize kwa namna nyingine. Dada mdogo anaweza kumwambia, "Kaka, nieleze siku moja tu ya kawaida kambini, kuanzia ulipoamka hadi ulipolala." Kisha anyamaze na kuandika.

Katika maelezo hayo utasikia mambo ambayo yeye mwenyewe hayahesabu kuwa ujuzi. Atasema aliamka saa kumi na moja, akakagua mafuta na maji ya injini, akatazama matairi, akatia saini kwenye kitabu cha gari, akapakia mapipa na kuyafunga yasisogee, akapanga magari mengine yamfuate kwa umbali fulani, na jioni akaripoti kilomita alizokwenda na mafuta yaliyotumika. Kila kipande cha sentensi hiyo ni kazi ambayo kampuni ya uchukuzi hulipia. Mwingine atasema alikuwa "jikoni tu", kumbe alikuwa akipika mara tatu kwa siku kwa watu 150, akihesabu akiba ya chakula, akichemsha maji ya kunywa na kuhakikisha hakuna anayeharisha mahali ambapo joto huharibu nyama kwa saa chache. Shule ya bweni huko Njoro au Maseno inatafuta mtu huyo huyo.

Muulize pia kuhusu watu: aliongoza wangapi, aliwafundisha nini, nani alikuwa akitegemea taarifa yake. Muulize kuhusu vitu: alikabidhiwa mali gani, na ilihesabiwa mara ngapi. Waajiri wengi katika eneo letu wana shida kubwa ya wizi wa stoo na mafuta, na mtu aliyezoea kutia saini kwa kila risasi anaelewa hesabu ya mali kuliko wengi waliosomea shahada.

Baada ya hapo andikeni wasifu-kazi. Huu hapa mfano wa namna ambavyo wengi huanza: "Nilihudumu katika kikosi cha uhandisi kwa miaka 9, nikashiriki operesheni nchini Somalia mara mbili, nikapandishwa cheo kuwa sajenti." Maneno hayo yote ni ya kweli, lakini kontrakta wa barabara hajui ayafanyie nini. Mtu yule yule anaweza kuandika hivi: "Opareta wa tingatinga na greda kwa miaka 9. Nimefungua na kukarabati barabara za udongo, nimechimba mitaro ya maji, nimeongoza kikundi cha watu 12, na nimekuwa nikiandika rekodi ya mafuta na saa za mashine kila siku. Cheo cha mwisho jeshini: sajenti." Cheo kimebaki mwisho, mahali ambapo kinathibitisha kwamba aliaminiwa.

Mwanajeshi atoe maelezo yake bila kuvunja kiapo. Mahali kambi ilipo, idadi ya askari, aina za silaha, njia za misafara na mbinu za operesheni visiandikwe kwenye wasifu-kazi wala visisimuliwe kwenye usaili au mitandaoni. Sheria ya Siri za Serikali haimwachi mtu kwa sababu amevua sare. Na jambo hili lina faida yake, kwa kuwa mwajiri anayemwona mtu akikataa kwa adabu kusema asichoruhusiwa kusema huona mbele yake mtu wa kuaminika.

Hatua ya nne: fani ipate cheti cha kiraia

Ujuzi wa jeshini bila cheti kinachotambulika uraiani humfanya fundi wa miaka 10 alipwe kama kibarua. Mamlaka ya Kitaifa ya Mafunzo ya Viwanda, NITA, hufanya mitihani ya ufundi ya daraja la III, la II na la I katika fani kama umakanika, uchomeleaji, umeme, useremala, ujenzi na ufundi bomba, na ina kituo chake mjini Kisumu, jambo ambalo ni nafuu kubwa kwa watu wa Nyanza na Magharibi. Aliyejifunza kazi kwa kuifanya hana haja ya kurudi darasani kwa miaka miwili ili kukalia mtihani huo. Sambamba na hayo, kuna utaratibu wa kutambua ujuzi uliopatikana nje ya darasa, chini ya mwongozo wa Mamlaka ya Kitaifa ya Sifa za Elimu, KNQA, ambao unamwezesha mtu kupimwa kwa anachoweza kufanya na kupewa cheti kinacholingana. Fika NITA, au katika chuo cha ufundi kilicho karibu nawe, uliza ni fani zipi zinapimwa na lini, kisha ulipe ada kwa njia rasmi ya serikali pekee.

Kwa madereva, jambo la kwanza ni kufungua akaunti ya NTSA, mamlaka ya usafiri na usalama barabarani, kwenye eCitizen na kuona leseni ya kiraia inaonyesha madaraja gani. Dereva aliyeendesha malori mazito jeshini lakini leseni yake inaonyesha daraja B pekee hataajiriwa kuendesha trela, ambalo linahitaji CE. Mwenye nia ya kuendesha basi anahitaji madaraja ya D, na opareta wa mashine za ujenzi na kilimo anahitaji G. Upungufu huu urekebishwe mapema, maana kampuni ya uchukuzi haitamngoja.

Fundi wa stima atahitaji leseni ya EPRA, mamlaka ya kudhibiti nishati, ili asaini kazi yake mwenyewe. Wahudumu wa afya hawawezi kukwepa mabaraza yao ya taaluma, na aliyekuwa akihudumia majeruhi bila kusajiliwa kuwa mwuguzi au afisa wa kliniki asijiite hivyo hata siku moja. Anaweza badala yake kuanza na kazi ya ambulensi au ya mkufunzi wa huduma ya kwanza huku akisoma. Kwa wanaotaka kusoma zaidi, Kisumu National Polytechnic na Sigalagala National Polytechnic huko Kakamega zinafundisha fani za ufundi kwa gharama ambayo pensheni ya kawaida inaweza kubeba kwa mpango mzuri.

Hatua ya tano: mahali kazi zilipo

Jambo la kwanza ambalo kila mtu humwambia mwanajeshi ni kwamba aende kwenye ulinzi. Kazi ya ulinzi ni kazi ya heshima, na tangu Sheria ya Udhibiti wa Ulinzi wa Kibinafsi ya 2016 walinzi wanatakiwa wasajiliwe na wawe wamefunzwa, jambo ambalo kwake si gumu. Lakini kumpeleka fundi wa injini akasimame getini na rungu ni hasara kwake na kwa nchi. Kama ulinzi ndio anaoutaka, aombe nafasi ya usimamizi, chumba cha mawasiliano, mafunzo au uchunguzi, na aonyeshe vyeti vya uongozi tangu mwanzo.

Kuna mlango ambao wachache huugonga, nao ni usalama kazini. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya 2007 inamtaka kila mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi awe na kamati ya usalama na afya, na viwanda vinahitaji watu waliofunzwa kuzima moto na kutoa huduma ya kwanza. Mashamba ya maua ya Naivasha, viwanda vya Nakuru na maghala ya Kisumu yote yanaingia katika sheria hiyo. Mtu aliyezoea ukaguzi, mazoezi ya dharura na kuandika ripoti baada ya tukio anahitaji kozi fupi tu ili awe afisa mzuri wa usalama, na mshahara wake hupita ule wa mlinzi.

Kaunti ya Nakuru ina mitambo ya mvuke ya Olkaria, inayozalisha umeme tangu 1981, pamoja na uchimbaji wa visima huko Menengai. Kazi hizo, na za makontrakta wao, hutaka maopareta wa kreni, welda, madereva wa magari mazito na mafundi wa majenereta. Kisumu ina karakana ya meli ya Kenya Shipyards, kampuni ya serikali chini ya Wizara ya Ulinzi iliyoundwa mwaka wa 2020, ambako meli ya MV Uhuru II ilijengwa; mahali hapo cheti cha jeshi hakihitaji maelezo marefu. Magharibi na Nyanza kuna viwanda vya sukari, vikiwemo Nzoia, Chemelil na Muhoroni vilivyokodishwa kwa wawekezaji wa kibinafsi mwaka wa 2025, na karakana zao za matrekta huhitaji makanika hasa kabla ya msimu wa kusaga. Busia na Malaba kuna malori usiku na mchana, na kampuni za uchukuzi hutafuta wasimamizi wa yadi wanaoweza kupanga magari na kushughulika na madereva wagumu.

Serikali za kaunti nazo zina idara za kukabiliana na majanga na vikosi vya zimamoto. Budalang'i na Nyando hufurika mara kwa mara, na maafa ya Mai Mahiu ya Aprili 2024 yalionyesha wazi thamani ya watu wanaojua kuokoa, kuvusha na kupanga kambi ya waathiriwa. Nafasi hutangazwa na bodi za utumishi za kaunti; fuatilieni tovuti na mbao za matangazo zao kila wiki, na mwombe kwa tarehe iliyowekwa, kwa kuwa fomu iliyochelewa kwa siku moja haisomwi.

Zaidi ya matangazo, wapo watu. DEFOCA, chama cha wanajeshi wastaafu ambacho wazee wengi bado hukiita kwa jina la awali la KAFOCA, kinawakutanisha waliotangulia kutoka, na baadhi yao leo ni mameneja wa uchukuzi, wakuu wa usalama na wakandarasi. Mwanajeshi aende kwao kuuliza wanavyofanya kazi na ni vyeti gani vilivyowafaa, kabla ya kuomba nafasi. Anayeombwa ushauri hukumbuka jina. Anayeombwa kazi mara ya kwanza hutafuta udhuru.

Hatua ya sita: usaili

Fanyeni mazoezi nyumbani. Mtu mmoja awe mwajiri, aketi mezani, na amuulize maswali ya kweli. Mambo mawili hujitokeza karibu kila mara. La kwanza ni majibu mafupi mno: "Ndiyo, afande." "Hapana, afande." Jeshini hiyo ni adabu, lakini mwajiri wa kiraia huona ameficha kitu. Mfundishe kujibu kwa sentensi tatu: hali ilikuwaje, yeye alifanya nini, na matokeo yakawaje. La pili ni kusema "sisi" kila mahali. Amezoea kikosi, na kujitaja peke yake huona ni majivuno. Mweleze kwamba mwajiri anataka kujua mchango wake yeye.

Halafu kuna swali ambalo halipaswi kuulizwa lakini huulizwa, nalo ni, "Umewahi kuua mtu?" Ajiandae kwa jibu tulivu, kwa mfano: "Mambo ya operesheni siruhusiwi kuyasimulia. Kazi yangu ilikuwa kuhakikisha chakula na maji vinafika kwa wenzangu, na ninaweza kukueleza jinsi nilivyohakikisha malori hayakwami njiani." Lirudieni jibu hilo hadi alitamke bila sauti kubadilika. Mwenye tatizo la sikio aombe kuketi upande ambao anawasikia wote, na aseme sababu bila kuona haya.

Mwajiri anayesoma mwongozo huu naye ana wajibu. Muulize kuhusu kazi. Kama kampuni yako hulipa ile tozo ya mafunzo ya viwanda ya shilingi 50 kwa kila mfanyakazi kwa mwezi, kumbuka kwamba unaweza kuomba NITA ikurudishie sehemu ya gharama za kozi zilizoidhinishwa, kwa hiyo cheti kinachokosekana si sababu ya kumkataa mtu mwenye mikono iliyozoea kazi.

Hatua ya saba: mawakala na vita vya watu wengine

Hapa lazima niseme wazi. Wapo wanaowatafuta wanajeshi waliorejea hasa kwa sababu wanajua kushika bunduki na hawana mshahara. Ahadi huja kwa WhatsApp: kazi ya ulinzi ng'ambo, mshahara wa ajabu, tiketi imelipwa, safari wiki ijayo. Mwaka wa 2025 Serikali ya Kenya ilithibitisha kwamba Wakenya walikuwa wamesajiliwa kupigana upande wa Urusi katika vita vya Ukraine, baadhi yao wakiwa wameahidiwa kazi za kawaida. Wapo waliorudi na majeraha, na wapo ambao familia zao bado zinangoja habari.

Kabla ya kukubali kazi yoyote ya nje, tafuteni jina la wakala katika orodha ya Mamlaka ya Kitaifa ya Ajira, na msiridhike na picha ya leseni aliyowatumia. Mkataba usomwe na mtu anayeielewa lugha uliyoandikwa, na uonyeshe jina la mwajiri, mji, aina ya kazi na mshahara. Wakala anayekataa kuonyesha mkataba hadi mtu afike uwanja wa ndege, anayetaka pesa kwa nambari ya simu ya mtu binafsi, au anayeshikilia pasipoti, aachwe mara moja na aripotiwe polisi. Kwa kazi za ndani, kanuni ni fupi: mwajiri halali halipwi ili akupe kazi.

Aliyeondoka jeshini bila idhini yuko katika hatari kubwa zaidi ya watu hawa, kwa sababu anaogopa kujitokeza. Amwone wakili kwanza, azijue haki zake na mashtaka yanayoweza kumkabili, ndipo aamue hatua inayofuata.

Hatua ya nane: pesa za kustaafu na biashara

Walioachishwa wakiwa na kiinua mgongo hupata wageni wengi. Ushauri wangu ni kwamba fedha hizo zikae benki au katika sacco kwa miezi sita ya kwanza, isipokuwa karo, matibabu na ada za vyeti vilivyotajwa hapo juu. Historia ya eneo letu inatoa funzo. Zaidi ya Wakenya 90,000 walihudumu katika Vita Vikuu vya Pili, na waliporejea kutoka Burma na kwingineko mwaka wa 1945 na 1946, wengi walitumia malipo yao kufungua maduka na vinu vya kusaga mahindi. Wachache walipata mafunzo ya biashara katika shule ya Jeanes huko Kabete. Vituo vya biashara vikajaa maduka yanayouza sukari, chumvi na mafuta ya taa yale yale kwa wateja wale wale, na mengi yakafungwa. Leo bidhaa hiyo ni bodaboda, matatu moja ya mkopo, au kuku wa kisasa ambao kila mstaafu mtaani ameshawafuga.

Anayetaka biashara aajiriwe kwanza katika biashara ya aina hiyo, hata kwa mshahara mdogo. Makanika anayetaka karakana yake mwenyewe atajifunza katika karakana ya jua kali ya Kisumu bei za vipuri, tabia za wateja wa mkopo na siku ambazo hakuna kazi. Mtaji ukibaki salama wakati huo, ataanza akiwa na fani, cheti na wateja wa kwanza. Akitaka kuungana na wenzake, wasajili kampuni au kikundi, waandike makubaliano, na kila mmoja awe na nafasi anayoiweza, kwa kuwa urafiki wa mahandakini haujui kugawana hasara.

Baada ya kuajiriwa

Miezi mitatu ya kwanza ndiyo migumu zaidi, na wanaoacha kazi mara nyingi huiacha katika kipindi hicho. Atakuta wenzake wanachelewa na hawaadhibiwi, mkubwa mwenye umri wa mdogo wake akimwamuru bila kujua kazi, na mizaha juu ya vita ambayo haimchekeshi. Kubalianeni mapema na mtu mmoja ambaye atampigia simu kila wiki, siku ile ile, amuulize kuhusu kazi na usingizi. Mwombe mwajiri kikao mwishoni mwa mwezi wa kwanza, kiwe cha dakika 20 tu, ili kila upande useme kinachokwenda na kisichokwenda. Hasira ikimpanda, atoke nje, atembee, na asijibu ujumbe wa kazi kabla ya saa moja kupita.

Iwapo kazi hiyo itakatika, asiondoke bila cheti cha utumishi, ambacho Sheria ya Ajira ya 2007 inamtaka mwajiri akitoe. Miezi minne ya kazi iliyoandikwa kwenye barua ya kampuni ya Nakuru au Kisumu inasomeka na mwajiri anayefuata kwa urahisi kuliko miaka 9 ya kambini, kwa hiyo barua hiyo iwekwe juu kabisa ya bahasha, na maombi yanayofuata yaanze kutumwa wiki hiyo hiyo.